Vifo Thelathini na Nane vya Clement Tattersall

Clement Tattersall alikufa kwa mara ya kwanza mwaka 1930, siku ya Jumanne baada ya chakula cha mchana, kwa sumu iliyotiwa kwenye glasi ya mvinyo. Alikufa vizuri kiasi kwamba Ijumaa yake wakamwita tena wamchome kisu. Tangu hapo hakupumzika. Alinyongwa kwa kamba ya pazia, akasukumwa ngazini, akazamishwa ziwani, akaangukiwa na sanamu ya Kirumi, na mara moja, kwenye filamu ambayo mwenyewe hakupenda itajwe, aliuawa na nyuki.

Si kwamba hakuwa na kipaji kingine. Alikuwa ameigiza majukwaani Uingereza miaka ishirini kabla ya kuvuka bahari, na alijua kuchekesha, kuimba kidogo, hata kucheza dansi mradi dansi yenyewe isiwe ya haraka. Lakini Mungu alimpa uso mrefu, mashavu yaliyobonyea, na macho ya mtu aliyeficha wosia mahali. Hollywood ilimtazama mara moja tu ikaona marehemu.

Tena marehemu mwenye cheo. Clement alitoka Accrington, mji wa viwanda vya pamba huko Lancashire, na baba yake alikuwa mfumaji. Ila Wamarekani walikuwa na imani yao: Mwingereza yeyote akisema "habari za asubuhi", basi ana kasri kwao. Kwa hiyo Clement hakuwahi kufa akiwa na cheo chini ya baroni.

Aliishi kwenye nyumba ndogo nyeupe pamoja na mwigizaji mwenzake, Pelham Crake, mtu wa Grimsby, Uingereza, ambaye alionekana kama aliyezaliwa na koti la mvua mwilini. Pelham aliigiza mainspekta. Mpango wao kazini ulikuwa mmoja: Clement anakufa dakika ya kumi na mbili ya filamu, na dakika ya kumi na tano anaingia Pelham, anavua kofia, anapiga goti kando ya maiti, anasema, "Mtu asiguse kitu." Walikuwa wamekutana hivyo mara kumi na tisa.

"Marehemu, nisogezee siagi," Pelham alikuwa akisema asubuhi mezani.

"Iko mbele yako, Inspekta. Ndiyo maana wauaji wangu wote hukamatwa na mashangazi wa watu, si na wewe."

"Na wewe ungekuwa unaacha dalili, tungefika mbali. Mtu mzima unakufa hata hujaandika jina la muuaji kwenye vumbi. Huo ni uvivu."

Waliishi hivyo kwa amani, hadi Februari ya mwaka 1938, barua ilipofika kutoka Accrington.

Mama yake Clement, Bi Keziah Tattersall, alikuwa na umri wa miaka sabini na sita. Kwa miaka mitano Clement alikuwa akimsihi aje kumtembelea, naye kwa miaka mitano alijibu kwamba bahari ni ya samaki. Sasa aliandika hivi:

"Mwanangu Clem. Jana walikuleta tena kwenye sinema ya hapa, wakakusukuma ngazini. Nikatoka nje kama kawaida. Bi Ramsbottom wa nyumba ya tatu kaniletea pai ya nyama ya kunipa pole. Ni pai ya sita tangu mwaka jana, na mimi ukoko wake siuwezi. Nataka kujua umewakosea nini hao watu. Nimekata tiketi. Nafika tarehe tisa Aprili. Usinunue chai, nakuja nayo. Mama yako."

Clement alisoma barua hiyo akiwa amesimama, akaketi, akaisoma tena. Hakuwa amejua. Miaka minane alikuwa akidhani mama yake anakwenda sinema kumtazama na kujivunia. Kumbe kila alipoanguka, mama alichukua mkoba wake akapita katikati ya magoti ya watu, akarudi nyumbani. Hakuwa ameona mwisho wa filamu hata moja ya mwanawe. Hakujua hata nani alimuua.

"Anakuja kuongea nao," alisema kwa sauti ndogo.

"Na nani?"

"Na studio. Pelham, mama yangu anakuja kuwauliza nimewakosea nini."

Pelham alicheka hadi akalazimika kuweka kikombe chini. Halafu akaona uso wa mwenzake, akamsogezea siagi bila kuombwa.

Bi Keziah aliteremka kwenye treni pale Pasadena akiwa na koti la sufu jeusi katika joto la kukaanga yai, sanduku la kofia mkono mmoja na birika la chai mkono wa pili. Siku kumi na tatu za meli na treni hazikumkunja hata ukosi. Alikuwa mfupi, mpana, na alimtazama mwanawe kutoka chini kwenda juu kama anayekagua kitambaa.

"Umekonda," alisema. "Ndiyo maana wanakuangusha kirahisi."

"Mama, huyu ni Pelham Crake, tunakaa naye."

Bi Keziah alimgeukia Pelham, akamtazama kwa muda mrefu.

"Wewe ndiye yule polisi."

"Ndiye mimi, Bi Tattersall."

"Kila mara unachelewa."

Pelham, ambaye alikuwa ameandaa maneno matamu ya kumkaribisha, alijikuta anaomba msamaha.

Wiki mbili zilizofuata nyumba ilibadilika. Mapazia yalifuliwa. Jiko lilianza kunuka vitunguu na kondoo. Bi Keziah alilikuta jua la California na hakulipenda. Alisema jua linalokuja kila siku bila kualikwa halina adabu. Jumapili walimpeleka kutazama kriketi, mchezo ambao Waingereza wote wa Hollywood waliucheza kwa bidii kubwa na magoti mabovu. Alikaa chini ya mwavuli akifuma soksi, na mabaroni, majenerali na maaskofu wa kwenye filamu wakaja mmoja mmoja kumwamkia. Alimuuliza kila mmoja kwao ni wapi. Kufikia saa ya chai alikuwa amewafichua watoto wawili wa wauza makaa, mmoja wa mchinja nyama, na kanali ambaye, kabla ya Hollywood, hakuwahi kufika mbali zaidi ya Margate, pwani ya Uingereza.

Jambo moja tu Clement hakulisema. Kila jioni mama aliuliza, "Hiyo kazi ya sasa, wanakufanyaje?" Na kila jioni Clement alijibu, "Ni vichekesho, Mama."

Haikuwa vichekesho. Alikuwa Baroni Haverholme, tajiri mpenda maua, ambaye mpwa wake angempiga risasi ndani ya nyumba ya vioo anamooteshea maua ya okidi. Kifo cha thelathini na nane. Siku ya kukipiga picha ilikuwa Alhamisi, na Clement alipanga vizuri: Pelham angemchukua mama kwenda kuona bahari, maana Pelham hakutakiwa kazini hadi mchana, kukuta maiti.

Asubuhi ya Alhamisi gari la studio lilifika mapema. Dereva alichungulia dirishani, akawakuta wote watatu mezani, akasema kwa sauti ya furaha:

"Bwana Tattersall, wanasema uvae fulana ya ndani iliyochakaa. Damu ya leo haitoki kwa sabuni."

Pelham alipaliwa na mkate. Bi Keziah aliinuka taratibu, akafuta mikono, akaenda kuchukua kofia yake.

"Mama, nisikilize..."

"Nimekusikiliza wiki mbili," alisema. "Vichekesho."

Mwongozaji wa filamu hiyo alikuwa Bwana Varkonyi, Mhungaria mfupi mwenye sauti ndefu. Clement alikuwa amejiandaa kwa vita. Alijua mama yake atakwenda moja kwa moja mpaka mbele ya yule mtu, amuulize kosa la mwanawe, na kesho yake habari hiyo itakuwa imeenea kila meza ya chai kutoka hapo hadi baharini. Lakini Bi Keziah aliingia studio, akatazama ile nyumba ya vioo iliyosimama katikati ya giza bila paa, taa kubwa zinazoning'inia, nyaya sakafuni kama nyoka, watu hamsini wanaokimbia huku na huku kwa ajili ya kifo cha mtu mmoja, akanyamaza. Walimpa kiti cha kukunja. Akaketi, mkoba mapajani.

"Tayari!" akapaza sauti Varkonyi. "Kamera!"

Mpwa akaingia. Clement akageuka na mkebe wa kumwagilia maua. Bastola ikalia. Clement akashika kifua, akatazama juu, akasema "Wewe!" kwa mshangao mzito, akapepesuka, akaburuta meza nzima ya okidi, akaanguka nayo.

Akiwa sakafuni, jicho moja limefumbuka kidogo, aliona viatu vyeusi vya kamba vinakuja kwa kasi. Vilifika ukingoni mwa mwanga vikasimama.

"Kata!" alifoka Varkonyi. "Nani huyo?"

Clement aliinuka haraka. "Mama, niko salama."

"Umeumia kiwiko."

"Sijaumia."

"Basi," alisema, akarudi kitini. Lakini Clement aliona mkono wake unatafuta kiti kabla ya kuketi, kama mtu aliye gizani, na akasikia aibu isiyo na jina.

Walirudia. Mara ya pili okidi moja ilimwangukia puani akapiga chafya akiwa maiti. Mara ya tatu bastola haikulia, na mpwa, ambaye alikuwa kijana mzuri lakini si mwepesi, alisema "Pa!" kwa mdomo. Mara ya nne na ya tano kila kitu kilikwenda sawa, ila Varkonyi alitikisa kichwa. Mara ya sita, ya saba, ya nane. Mzee mtunza vifaa alikuwa akibadilisha vyungu vya maua na kunung'unika kwamba okidi hazioti kama magugu.

Baada ya mara ya tisa Varkonyi alikuja akachuchumaa kando ya maiti.

"Bwana Tattersall," alisema, na sasa hakupiga kelele, jambo lililokuwa baya zaidi. "Mimi nakuheshimu. Lakini unakufa kama mtu anayetia saini barua. Mara ngapi umefanya hivi?"

"Thelathini na saba."

"Inaonekana. Nenda kanywe chai."

Clement alikwenda akaketi kwenye sanduku kando ya mama yake, damu ya bandia inamchuruzika hadi kwenye mkanda. Mtu anaweza kuambiwa kwamba hajui kuimba akalala usingizi. Lakini kufa ndiko kulikomweka mjini, ndiyo kazi pekee aliyojua kwamba anaijua.

Bi Keziah alimmiminia chai kutoka kwenye chupa aliyokuja nayo. Akasubiri anywe.

"Huyo mfupi hajakosea," alisema.

"Hata wewe, Mama?"

"Baba yako hakufa hivyo."

Clement aliweka kikombe chini. Miaka kumi na minne ilikuwa imepita tangu Amos Tattersall afariki, na katika miaka yote hiyo mama na mwana hawakuwahi kukizungumzia kifo hicho. Clement hakuwahi kuuliza, na alikuwa na sababu. Siku ile alikuwa Huddersfield, kwenye mchezo wa kuchekesha, amevaa sketi na wigi la mpishi wa kike. Simu ya maandishi ilimfikia wakati wa mapumziko: baba ni mahututi, njoo. Aliisoma, akaikunja, akaitia ndani ya sketi, akarudi jukwaani kumalizia sehemu ya pili. Watu walicheka sana. Aliposhuka kwenye treni asubuhi, mapazia ya nyumba yao yalikuwa yameshafungwa. Hakumwambia mtu, na alikuja kuvuka bahari akiwa nalo moyoni.

"Mama," alisema, akitazama chai. "Ile simu ya Huddersfield niliipata mapema. Wakati wa mapumziko. Nikamalizia mchezo."

"Najua."

"Unajua?"

"Nani alikwambia sijui? Nililipeleka lile neno saa moja jioni, na posta ya Huddersfield haina watu wa kulala. Najua muda wote." Alifunga kizibo cha chupa. "Baba yako alinikataza. Asubuhi alisema, 'Usimwite Clem mpaka watu wameshacheka.' Mimi sikuvumilia, nikamwita. Kwa hiyo wewe ndiye uliyemtii, mimi ndiye niliyemkaidi. Kama kuna wa kuona aibu hapa, tugawane, lakini fungu kubwa ni langu."

Fundi mmoja wa taa alipita, akaona baroni mwenye damu analia juu ya kikombe cha chai, akageuza njia.

"Sasa sikiliza," alisema Bi Keziah. "Hakushika kifua. Hakutazama juu, juu kuna nini? Alikuwa kwenye kiti chake jikoni, mimi namenya viazi. Akaanza kufunga vifungo vya kizibao chake, kama mtu anayekumbuka ana mahali pa kwenda. Kimoja. Cha pili. Nikamuuliza, 'Unakwenda wapi, Amos?' Akafika cha tatu, kikamshinda. Akanitazama kama mtu aliyekanyaga mguu wa mwenzake, akasema, 'Hakuna neno.' Mkono ukashuka. Basi. Nilimenya kiazi kingine kizima kabla sijaelewa."

Clement alijifuta macho kwa mkono wa shati.

"Si vibaya?" aliuliza Clement. "Kumchukua hivyo, kumleta hapa?"

Bi Keziah alilifikiria swali hilo kwa haki.

"Amos alifanya kazi tangu ana miaka kumi," alisema. "Hatakasirika kufanya kazi siku moja zaidi. Ila usimfanye apepesuke. Hakuwa mlevi."

Mara ya kumi, Clement aliomba kiti kiwekwe kati ya okidi. Varkonyi alimtazama, akamtazama mama kule nyuma, akasema kiwekwe.

"Kamera!"

Bastola ikalia. Baroni Haverholme hakushika kifua. Alimtazama mpwa wake kwa mshangao mdogo tu, kama mtu aliyeulizwa saa. Akaketi. Akaweka mkebe wa maji chini kwa uangalifu, usimwagike. Kisha vidole vyake vikaanza kufunga kizibao: kifungo kimoja, cha pili. Damu ilikuwa inapita katikati ya vidole naye haioni. Cha tatu kikamshinda. Akainua uso, na uso ule mrefu ambao Hollywood ilikuwa imeucheka miaka minane haukuwa tena wa baroni. Ulikuwa wa mzee wa kiwandani anayeona haya kusumbua watu.

"Hakuna neno," alisema.

Mkono ukashuka.

Hakuna aliyesema "kata". Ilikuwa imepangwa kamera iendelee hadi inspekta aingie. Pelham, aliyefika saa hiyo na koti lake la mvua, aliingia, akavua kofia, akapiga goti. Maneno yake yalikuwa yale yale aliyoyasema mara kumi na tisa. Alifungua mdomo. Akaufunga. Akanyoosha mkono akamfunga rafiki yake kile kifungo cha tatu, na akabaki pale amepiga goti bila kusema lolote, mpaka utepe wa filamu ukaisha ndani ya kamera na ncha yake ikaanza kupiga makofi mepesi, tap tap tap.

Varkonyi alipuliza pua. Akavuka nyaya zote akaenda kwa Bi Keziah, akainama akambusu mkono.

"Vidole vyako vimenipaka masizi," alisema Bi Keziah, akiutazama mkono wake. Lakini hakuufuta mpaka Varkonyi alipoondoka.

Kwenye gari wakirudi, Pelham alikuwa mkali.

"Mtu unafanya kazi naye miaka minane, unamzoea, halafu siku moja anakufa kweli bila kukupa taarifa. Si uungwana, Marehemu."

"Ulisahau maneno yako."

"Sikusahau. Niliyameza."

"Mara hii angalau," alisema Bi Keziah kutoka kiti cha nyuma, "ulifika kwa wakati."

Filamu ilijaribiwa mbele ya watu mwezi wa Julai, Jumamosi mchana, kwenye ukumbi mmoja wa Glendale. Clement alimkalisha mama kiti cha ukingoni, ili ikimshinda apate njia. Ilipofika dakika ya kumi na mbili alimwona anashika mkoba. Bastola ikalia kwenye pazia la sinema. Bi Keziah alikaa na mkoba umeshikwa kwa mikono miwili, wima, akamtazama Amos na Clement wakifunga vifungo pamoja, na hakuinuka.

Mbele yao mwanamke mnene mwenye kofia iliyopambwa kwa matunda ya cheri alikuwa analia kwa sauti. Bi Keziah alivumilia kidogo, kisha akainama akamgusa bega.

"Usilie, mama. Huyu hapa."

Mwanamke aligeuka. Alimwona marehemu ameketi nyuma yake, ameshika mfuko wa karanga. Alipiga yowe lililosikika mpaka kwa muuza tiketi.

"Yu mzima," Bi Keziah alimhakikishia. "Ila hajala vizuri."

Filamu ilipotoka, magazeti yalimsifu mpwa, aliyekuwa na meno mazuri. Yalimsifu Varkonyi. Moja tu, la San Francisco, liliandika mstari mmoja kwamba baada ya Baroni Haverholme kuondoka filamu ilibaki na upweke ambao haikujua kuutibu. Clement alikata mstari huo akautia kwenye pochi, akidai anahifadhi anwani iliyokuwa nyuma yake. Nyuma yake kulikuwa na tangazo la dawa ya sugu za miguuni.

Ila studio nazo zilisoma. Mwezi wa Agosti alipelekewa hadithi ya filamu ambayo ndani yake alikufa ukurasa wa themanini. Iliyofuata alikufa ukurasa wa tisini na nne. Hakuna aliyefikiria kumwacha hai. Wazo hilo halikumjia mtu, na kusema kweli halikumjia hata yeye. Lakini sasa alipandishwa cheo: alianza kufa mwishoni. Aliingia mwanzo, akapewa mke, maoni, wakati mwingine hata mbwa, na watu walipomzoea ndipo walipomnyang'anya. Mazoezi aliyafanya kwenye bustani ya nyuma, mama akiwa mwalimu. "Hapana. Hiyo ni ya mtu anayelala. Anza tena." Jirani yao, Bi Dunlap, alichungulia siku moja juu ya ua, akaona mwili umelala kwenye nyasi na bibi kizee amesimama juu yake anakunywa chai, akapiga simu polisi. Walikuja wawili wa kweli. Pelham alitoka kwenda kuwaeleza, kwa bahati mbaya akiwa amevaa koti lake la kazi, na ilichukua saa nzima kuwashawishi kwamba yeye si mwenzao.

Septemba Bi Keziah alisema inatosha. Redio ilikuwa inazungumza habari za hatari ya vita huko Ulaya. Clement alimwomba abaki, na Pelham naye akamwomba, kwa sauti isiyokuwa ya mzaha.

"Nibaki nifanye nini? Kuna jua," alijibu. "Nina nyumba yangu. Vita ikija inikute kwangu."

Walimsindikiza Pasadena asubuhi. Alikuwa na koti lile lile, birika lile lile, na sanduku moja zaidi lililojaa machungwa ya kuwashangaza majirani. Pelham alipakia mizigo, akabusiwa shavuni, akasogea mbali akijifanya anasoma ratiba ya treni.

Clement alishika mikono ya mama yake. Alikuwa na maneno mengi aliyoyapanga usiku kucha, maneno mazuri, na mdomo wake uliozoea kuandikiwa maneno na watu wengine ukakauka.

"Mama, nikisikia una homa tu, nakuja. Naacha kila kitu, katikati ya kila kitu. Safari hii simalizii."

"Utamalizia," alisema Bi Keziah. Alimnyoosha ukosi. "Sikiliza, Clem. Mimi nitatangulia, ndivyo inavyotakiwa, na wala usiharakishe. Wewe endelea na mazoezi."

Akapanda. Alikataa kushikwa mkono. Treni ilipoanza kwenda hakupunga. Aliketi dirishani, akafungua mkoba, akatoa sindano zake za kufuma.

Pelham alirudi kutoka kwenye ratiba. Macho yake yalikuwa mekundu, akasingizia moshi.

"Alikwambia nini?"

"Niendelee na mazoezi."

"Mwanamke wa maana sana," alisema Pelham. Akatazama saa yake, akaruka. "Marehemu! Saa nne na nusu! Unachomwa kisu saa tano!"

Wakakimbilia gari, wanaume wawili wazima wameshika kofia zao, na barabarani Clement alikuwa anafunga na kufungua kifungo cha koti lake, akitafuta kitu kipya cha kufanya na mikono.